Batli, Ujumbe na Shahidi: Kuhusu Kusoma Faili za Data Zilizovuja

Utangulizi

Jumapili ya tarehe 27 Januari 2008, ghasia zilizofuata uchaguzi mkuu wa Desemba 2007 nchini Kenya zilifika katika mji wa Naivasha. Kwa muda wa siku mbili watu wasiopungua 40 waliuawa mjini humo. 19 kati yao, wakiwamo watoto, waliteketea ndani ya nyumba moja iliyotiwa moto. Nakuru, makao makuu ya mkoa wa wakati huo, ilikuwa imekwisha kuwaka siku tatu kabla. Katika wiki hizo ujumbe mfupi wa simu, ule ambao watangazaji wa Kenya huuita arafa, ulikuwa ukienea kote nchini, na mwingi wake ulikuwa wa uchochezi, wa vitisho au wa habari zisizojulikana zilikotoka. Mwanzoni mwa Januari wizara iliyohusika na usalama wa ndani ilikuwa imewatumia wenye simu onyo la kuwataka waache kuandika na kusambaza ujumbe wa aina hiyo, na kampuni ya Safaricom nayo ikawapelekea wateja wake ujumbe wa kuhimiza amani.

Mambo hayo yamekwisha kuandikwa sana na wanahistoria na wanasheria. Kinachokusudiwa kuelezwa katika makala haya ni jambo dogo zaidi ambalo linawahusu wataalamu wa lugha moja kwa moja. Ujumbe uliopita mikononi mwa watu Januari ile ulikuwa ni maneno yasiyo na shahidi. Mtu alipoupokea na kuupeleka kwa mwenzake, namba ya aliyeuandika mwanzo ilipotea, saa ya kuandikwa kwake ilipotea, na kilichobaki ni maneno pamoja na namba ya yule wa mwisho aliyeyapeleka. Kwa upande wa pili, mitambo ya kampuni za simu ilikuwa ikiandika, mstari baada ya mstari, namba iliyopeleka, namba iliyopokea, tarehe, saa na mnara uliotumika. Nayo orodha hiyo ya kawaida haina maneno. Huo ulikuwa ni ushahidi usio na matini. Nusu moja ilikuwa mikononi mwa umma na nusu ya pili ilikuwa katika mitambo, na hazikupata kuunganishwa hadharani.

Tangu wakati huo nusu hiyo ya pili imeanza nayo kutembea. Faili za data na orodha za mitambo hutolewa kwa siri, zikasambazwa katika intaneti, zikasomwa na watu ambao hawakuwahi kufundishwa kuzisoma. Huonekana kuwa na ukweli kuliko maneno ya binadamu kwa sababu zimejaa tarakimu. Hoja ya makala haya ni kwamba faili ya namna hiyo ni matini kama matini nyingine, yenye mwandishi, mnakili, lahaja na makosa, na kwamba mbinu za kuihakiki hazitofautiani sana na zile ambazo wahakiki wa miswada ya Kiswahili wamezitumia kwa miaka mingi.

Suala la istilahi

Yafaa kuanza na kitenzi chenyewe. Magazeti husema "nyaraka zimevuja". Kitenzi vuja ni cha hali: mtungi huvuja, paa huvuja, wala haulizwi aliyefanya. Hakina nafasi ya mtenda. Mara kinapopewa kiambishi cha usababishi kikawa vujisha, sentensi hudai kiima chenye akili: nani amevujisha? Tofauti hii ya mnyambuliko si ya kisarufi tu. Msomaji anayesoma kwamba faili "imevuja" hukubali bila kujua kwamba jambo hilo limetokea lenyewe, kama maji yanavyotafuta njia, na hivyo haulizi ni nani aliyechagua kurasa hizi akaziacha zile, wala alizitoa siku gani, wala kwa faida ya nani. Mahali ambapo Kiswahili kinampa mwandishi uwezo wa kuuliza kwa silabi moja tu ya ziada, ni uzembe kuuacha.

Neno udukuzi limekwisha kukubalika kwa kitendo cha kuingia katika mitambo ya watu kwa siri, nalo linatosha. Ila lisichanganywe na uvujishaji. Mdukuzi hutoka nje akaingia. Mvujishaji aghalabu yumo ndani na ana ufunguo. Taarifa nyingi za habari huyatumia maneno hayo mawili kana kwamba ni kitu kimoja, na matokeo yake ni kwamba idara ikikanusha kudukuliwa, wasomaji hudhani imekanusha pia kuwa nyaraka ni zake.

Tatizo kubwa zaidi ni jina la ile orodha ambayo mtambo huiandika wenyewe kila tukio linapotokea. Waandishi wengi wamependelea kumbukumbu. Lakini kumbukumbu tayari ina mzigo mzito: ni yale yaliyobaki akilini, ni sherehe ya kuwakumbuka waliokufa, na ni maandishi ya mkutano ambayo katibu huyaandika baadaye na wajumbe wakayathibitisha katika mkutano unaofuata. Maana hii ya mwisho ndiyo inayopotosha, kwa kuwa kumbukumbu za mkutano hupita katika hukumu ya mtu kabla ya kuandikwa. Orodha ya mtambo haipiti. Hapa inapendekezwa kulirudia neno la wanamaji, batli, ambalo kamusi hulihusisha na kumbukumbu za mwendo wa chombo baharini. Neno la Kiingereza linalotumika katika kompyuta nalo lilitoka melini: kwanza lilikuwa gogo lililofungwa kamba na kutupwa majini ili kupima mwendo, kisha daftari la kuandikia vipimo hivyo. Kiswahili hakina haja ya kuazima kitu ambacho mabaharia wake walikuwa nacho. Batli huandikwa wakati wa tukio, kwa mfululizo, na haifutwi ili iandikwe vizuri zaidi; na nahodha mwenye kuficha kosa lake huanza kwa kuichafua batli. Sifa zote tatu zinahitajika katika istilahi hii.

Nusu mbili za ushahidi

Turudi Naivasha. Mnamo tarehe 23 Januari 2012 Mahakama ya Kimataifa ya Jinai iliyoko The Hague ilithibitisha mashtaka yaliyohusu mashambulizi ya Nakuru na Naivasha, na miongoni mwa washtakiwa alikuwamo Uhuru Kenyatta, aliyechaguliwa kuwa Rais mwaka 2013 na ambaye wakati wote aliyakana mashtaka hayo. Mwaka 2014 upande wa mashtaka uliiomba serikali ya Kenya aina nane za maandishi, kama vile ya benki, ya kodi, ya ardhi na ya magari. Maandishi ya simu yalikuwa mojawapo. Tarehe 5 Desemba 2014 mashtaka yaliondolewa kwa kukosa ushahidi wa kutosha. Mnamo tarehe 19 Septemba 2016 mahakama iliamua kwamba Kenya haikutimiza wajibu wake wa kushirikiana. Serikali kwa upande wake ilikuwa imeshikilia kwamba ilifanya iliyoweza.

Hata kama batli za simu zingepatikana zote, msomaji wake angekutana na pengo ambalo halikutokana na hila ya mtu yeyote. Mwaka 2008 mtu aliweza kununua kadi ya simu dukani bila kuandikisha jina. Uandikishaji wa kadi hizo nchini Kenya ulianza mwaka 2010. Kwa hiyo namba iliyomo katika batli ya Januari 2008 ni namba tu. Haiwi mtu hadi ipatikane njia nyingine ya kuiunganisha naye. Na hapa ndipo wasomaji wengi wa faili zilizovuja wanapoteleza: huiona namba, huitafuta katika simu zao, hukuta jina walilolihifadhi mwaka 2020, wakasema mtu huyo ndiye aliyekuwa na namba hiyo miaka kumi na miwili nyuma. Namba za simu hurithiwa, huuzwa, hufungwa na kugawiwa upya.

Mwezi huohuo wa Januari 2008 Wakenya kadhaa waliokuwa wakiandika katika intaneti walianzisha mradi walioupa jina la Kiswahili, Ushahidi. Ulipokea taarifa za wananchi kwa ujumbe mfupi na kwa intaneti, ukazionyesha juu ya ramani. Jambo linalostahili kuangaliwa na wanaisimu ni kwamba taarifa zilitofautishwa kati ya zilizothibitishwa na zisizothibitishwa. Yaani mradi uliweka ndani ya matini yenyewe daraja la imani ambalo msomaji aipe. Wanazuoni wa hadithi walifanya hivyo karne nyingi kabla, kwa kuikagua isnadi na kuipa kila riwaya daraja lake. Faili inayosambazwa leo bila isnadi yoyote, yenye jina kama "orodha kamili" au "siri zote", iko chini ya daraja hilo hata ikiwa na mistari milioni.

Kuna swali jingine la hali ya matini ambalo ripoti ya kampuni ya Kroll linalionyesha vyema, ingawa ripoti hiyo haihusu Naivasha. Iliandikwa mwaka 2004 kuhusu mali zilizodaiwa kuhamishwa nje ya nchi katika enzi ya Rais Moi, na ikatokeza hadharani kupitia WikiLeaks na gazeti la Guardian mwishoni mwa Agosti 2007, miezi michache kabla ya uchaguzi. Msemaji wa serikali aliieleza kuwa haikukamilika na kwamba ilitegemea uvumi. Mabishano yaliyofuata yalichanganya maswali matatu ambayo mhakiki huyatenga: je, waraka huu uliandikwa kweli na wanaodaiwa kuuandika? Je, ni rasimu au ni nakala ya mwisho? Na je, yaliyomo ni kweli? Jibu la "ndiyo" kwa swali la kwanza halileti lolote kwa la tatu. Waraka halisi unaweza kujaa makosa, na nakala ya kughushi inaweza kubahatika kusema kweli.

Saa na tarehe

Katika faili zote, safu inayosomwa vibaya zaidi na wasemaji wa Kiswahili ni ile ya wakati. Chukua tukio lililotokea Naivasha asubuhi ile ya Januari, saa tatu. Shahidi anayezungumza Kiswahili husema "saa tatu asubuhi". Karani wa polisi huandika 9.00. Mtambo uliopangwa kufuata saa ya kimataifa, ambayo iko nyuma ya saa ya Afrika ya Mashariki kwa saa tatu, huandika 06:00. Na mtambo mwingine, unaohesabu sekunde tangu tarehe 1 Januari 1970, huandika 1201413600. Tarakimu nne, wakati mmoja. Mtu asiyejua kanuni ataziona kuwa ni matukio manne, au atasema shahidi amejipinga, au, jambo ambalo ni baya zaidi, karani atatafsiri "saa tatu" kuwa 3.00 na kumpeleka shahidi katikati ya usiku wa manane. Wakalimani wa mahakama wanaijua hatari hii. Wasomaji wa faili bado.

Siku nazo zina matata yake. Kwa hesabu ya zamani ya Waswahili siku huanza jua linapokuchwa, na kwa hiyo "usiku wa Jumapili" ni ule unaotangulia mchana wa Jumapili. Mzungumzaji wa bara, aliyejifunza Kiswahili shuleni au katika mashamba ya maua kandokando ya ziwa, aghalabu humaanisha usiku unaofuata. Naivasha ni mji wa wahamiaji kutoka kila pembe ya Kenya, na hesabu zote mbili zaweza kusikika katika nyumba moja. Ujumbe usemao "usiku wa Jumapili" kuhusu mashambulizi yaliyoanza Jumapili waweza basi kuwa onyo lililotangulia au simulizi lililofuata. Tofauti hiyo si ndogo kwa mtu anayeshtakiwa kuwa alijua kabla. Ni batli peke yake inayoweza kuamua, nayo pia baada ya kujulikana imefuata saa ya wapi.

Aidha, Wakenya huandika siku kabla ya mwezi na Wamarekani huandika mwezi kabla ya siku, na programu nyingi za kompyuta huja zikiwa na desturi ya Kimarekani. Tarehe ya uchaguzi wa 2022 ikiandikwa 09/08/2022 hugeuka kimyakimya kuwa 8 Septemba, siku tatu baada ya Mahakama ya Juu kutoa uamuzi wake.

Alama za mwandiko

Mhakiki wa mswada wa utenzi huangalia karatasi, wino na umbo la herufi kabla hajausoma ubeti wa kwanza. Faili haina wino, lakini ina vitu vinavyoshabihiana nao, na mtaalamu wa lugha za Kiafrika huviona upesi kuliko mhandisi.

Cha kwanza ni ritifaa ya ng'. Simu za kawaida za mwaka 2008 ziliandika ritifaa iliyonyooka. Programu za kuchapia nyaraka huigeuza ikawa iliyopinda. Ikiwa basi ujumbe unaodaiwa kunakiliwa moja kwa moja kutoka katika simu ya wakati ule una neno ng’ombe kwa ritifaa iliyopinda, umepita katika kompyuta ya mtu fulani. Hii haithibitishi kughushi, maana huenda mtu aliuchapa upya kwa nia njema. Inathibitisha tu kwamba kuna mkono mmoja ambao haujatajwa. Na ikiwa neno hilo limetokea kama ngâ€™ombe, faili imefunguliwa kwa ufunguo wa herufi usio wake.

Irabu za Gĩkũyũ zenye alama juu ni shahidi mwenye faida kubwa zaidi katika Bonde la Ufa. Faili ikisomwa kwa ufunguo usiofaa, Gĩkũyũ huwa GÄ©kÅ©yÅ©. Anayeona takataka hizi huzifuta ili faili ipendeze. Asizifute: zinaeleza safari ya faili, kama vile alama za maji zinavyoeleza ni sanduku gani lililouhifadhi mswada. Kinyume chake pia ni kweli. Ujumbe mfupi wa simu una nafasi ya herufi 160 maadamu herufi zote ni za orodha ya kawaida. Ikiingia herufi moja tu kama ũ, nafasi hushuka hadi 70. Ndiyo sababu watu wengi waliandika Kikuyu bila alama zozote. Ujumbe mrefu wa mwaka 2008 ulioandikwa kwa tahajia kamili, kila irabu na alama yake, unastahili kutiliwa shaka kwa sababu ya usafi wake.

Jambo la mwisho katika sehemu hii ni la jedwali. Namba za simu za Kenya zilianza na 07, na programu za majedwali huidhani namba hiyo kuwa hesabu, zikaiondoa sifuri ya mwanzo. Orodha yenye namba za tarakimu tisa imekwisha kufunguliwa na kuhifadhiwa upya na mtu. Haikutoka mtamboni jinsi ilivyo.

Batli za uchaguzi

Ghasia za Naivasha zilizaliwa na matokeo ya uchaguzi ambayo wananchi wengi hawakuyaamini, na haishangazi kwamba tangu hapo vita vya kisiasa nchini Kenya vimehamia katika batli za mitambo ya kuhesabia kura. Visa viwili vya mwaka 2017 na kimoja cha mwaka 2022 vinatosha.

Kura za mwaka 2017 zilipigwa tarehe 8 Agosti. Kesho yake muungano wa upinzani ulitoa hadharani maandishi yaliyodaiwa kuwa ni batli ya kanzidata ya tume ya uchaguzi, ukasema kwamba mtambo umedukuliwa kwa kutumia utambulisho wa Chris Msando, ofisa wa teknolojia wa tume aliyekuwa ameuawa mwishoni mwa Julai. Tume ilijibu kwamba batli ile ilikuwa na umbo la mtambo wa Microsoft SQL Server, hali yenyewe ilikuwa ikitumia Oracle. Kwa lugha ya wahakiki, tume ilitoa hoja ya lahaja: mswada unaodaiwa kutoka Lamu umeandikwa kwa Kimvita. Hoja hiyo ina nguvu, na wengi waliifuata papo hapo. Hata hivyo ina udhaifu ambao mwanaisimu yeyote angeuonyesha. Ili kusema kwamba matini si ya lahaja fulani, lazima pawepo matini nyingine za lahaja hiyo ambazo msomaji huru anaweza kuziangalia. Hapa mwenye kueleza lahaja ya mtambo alikuwa ni mwenye mtambo mwenyewe, na mlango ulikuwa umefungwa. Tarehe 28 Agosti Mahakama ya Juu iliamuru batli za seva zifunguliwe kwa kusomwa tu. Amri haikutimizwa ipasavyo, na majaji wanne dhidi ya wawili, walipobatilisha uchaguzi tarehe 1 Septemba 2017, waliuhesabu ukimya huo dhidi ya tume. Batli iliyovuja haikuthibitishwa. Ile ambayo haikutolewa ndiyo iliyoamua.

Siku chache baadaye ulivuja waraka wa ndani ambao mwenyekiti wa tume, Wafula Chebukati, alimwandikia ofisa mkuu mtendaji. Miongoni mwa maswali yake ni kwa nini akaunti ilifunguliwa kwa jina lake bila yeye kujua, ikatumika kufanya miamala zaidi ya 9,000. Majibizano yaliyofuata hayahusu makala haya. Kinachohusu ni somo la kisarufi: katika batli, jina la mtumiaji si kiima cha sentensi. Mstari usemao "Chebukati ameingia" unaeleza tu kwamba ufunguo wenye jina hilo umefungua mlango. Ni jina la ufunguo. Wasomaji wa batli zilizovuja hutafsiri mistari hiyo kwa Kiswahili chenye mtenda mwenye nafsi, na tafsiri hiyo ndiyo inayoenea, bila batli yenyewe.

Kisa cha mwaka 2022 ni cha namna nyingine. Katika kesi ya kupinga matokeo, mahakama ililetewa batli za kuonyesha kwamba fomu za matokeo zilinaswa njiani zikabadilishwa. Uamuzi wa tarehe 5 Septemba 2022 ulisema kwamba baadhi ya batli hizo zilikuwa ama za uchaguzi wa 2017, ama za kughushi kabisa. Mahakama ilitenga aina mbili za uongo, na ilifanya vyema. Batli ya kughushi ni matini ambayo haikuwahi kuwapo. Batli ya 2017 iliyoletwa kama ya 2022 ni matini ya kweli iliyovikwa tarehe ya uongo. Ya kwanza hufichuliwa kwa kuchunguza umbo lake. Ya pili ina umbo sahihi kabisa, lahaja sahihi na mwandiko sahihi, na itapita kila kipimo cha ndani. Haiwezi kufichuliwa ila kwa kulinganishwa na nyingine, kazi ambayo wachunguzi wa mahakama waliifanya. Hii ya pili ndiyo inayosambaa zaidi katika intaneti kwa sababu ni rahisi kuitengeneza: hahitajiki mjuzi wa kompyuta, anahitajika mtu wa kubadilisha kichwa cha habari.

Matini zilizovuja kama data ya utafiti

Mtafiti wa lugha atavutwa na faili hizi. Zina Kiswahili cha kila siku, Sheng', Dholuo, Gĩkũyũ na Kikalenjin vikichanganyika ndani ya sentensi moja, tena bila haya ya mtu anayejua anarekodiwa. Mnamo Aprili 2022 Tume ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa ya Kenya ilitangaza orodha ya maneno inayoyahesabu kuwa ya chuki, yakiwamo kwekwe na madoadoa. Maneno hayo ni ya kawaida katika kamusi. Ubaya wao umo katika matumizi, na matumizi hayajulikani bila matini zenye tarehe, mahali na msemaji. Mwezi Januari mwaka huohuo seneta mmoja alikuwa amekamatwa kwa ajili ya neno madoadoa alilolitamka Eldoret, naye alieleza kwamba alilikusudia kwa maana nyingine. Mwanaisimu akiitwa kutoa maoni katika kesi ya aina hiyo, atatafuta mifano. Na mifano iliyo bora imo katika faili ambazo pengine haikumpasa kuwa nazo.

Sheria ya Kulinda Data ya Kenya ya mwaka 2019 inagusa data ya watu hata ikiwa imekwisha kusambaa, na kusambaa si idhini. Lakini hata bila sheria pana la kutisha. Septemba 2013, shahidi wa kwanza wa kesi iliyomkabili Naibu wa Rais kule The Hague, aliyekuwa akitoa ushahidi nyuma ya pazia, alitajwa jina katika intaneti kabla hajamaliza kusema. Jaji ikambidi aonye kwamba kumtaja shahidi aliyelindwa ni kosa. Mashahidi wa Bonde la Ufa waliishi, na wengine bado wanaishi, baina ya majirani waliotajwa katika maelezo yao.

Kawaida ya watafiti ni kufuta majina na namba. Katika matini za Naivasha hilo halitoshi. Ujumbe unaomtaja "yule mlinzi Mluhya wa shamba la maua" karibu na kituo fulani cha Barabara ya Moi Kusini hauna jina, lakini kila mkazi wa kambi ya wafanyakazi hao atamjua anayesemwa. Kazi yake, kabila lake na kituo cha basi vikiwekwa pamoja ni jina kamili. Mtafiti akiondoa kazi na kituo, huenda asipoteze kitu. Akiondoa neno "Mluhya", ameliondoa neno ambalo utafiti wa lugha ya chuki ulikuwa unalitafuta. Akilibakiza, lazima aamue la kufanya na tarehe na saa, ambazo ndizo zilizokuwa zimesalia za kuunganisha zile nusu mbili.